Uso wa Mwanamke wa Nyuma

Tambara lilitoka na rangi ya kahawia. Priska akalitazama, akaitazama picha iliyochorwa kwa rangi za maji, akalitazama tena tambara kama anangoja lijieleze lenyewe. Kwenye picha wanawake wanne walikuwa wanavuka daraja na mikungu ya ndizi kichwani. Watatu walikuwa bado na nyuso zao. Yule wa nyuma alibaki na kilemba na shingo, na katikati doa la maji.

Tusimseme vibaya Priska. Ni mzaliwa wa Kirua Vunjo, na si mtu wa kuharibu vitu. Alipiga deki wodini miaka kumi na tisa bila kuvunja hata chupa ya dawa. Baada ya kustaafu alipata kazi ya usafi kwa Harshil, kijana wa Kihindi aliyefungua kampuni yake Moshi mjini. Kampuni inanunua picha ya thamani, inaigawa hisa, watu wananunua na kungoja picha ipande bei. Hii ya daraja ilikuwa na wenyewe mia mbili na kumi na wawili. Priska mwenyewe alikuwa na hisa moja, na kanisani alijidai nayo kidogo.

Mwaka mzima, kila asubuhi, alipitisha tambara la maji juu ya kioo cha picha hiyo. Mkono ulishazoea, hauulizi. Kumbe jana yake mpiga picha aliyekuja kuupiga mchoro huo alitoa kioo kwa sababu kilikuwa kinarudisha mwanga, akaenda zake bila kumwambia mtu.

Ilikuwa Ijumaa. Jumamosi wenye hisa walikuwa wanakuja kuona mali yao.

Aliwaza kusema paa limevuja. Aliwaza kukimbilia Kahe kwa dada yake. Sultana wa mapokezi akachungulia mlangoni.

"Mama Davis, leo unaiombea hiyo picha?"

"Naipangusa tu, mwanangu." Akaliziba doa kwa mgongo mpaka binti alipopita. Kila pikipiki iliyozima nje, moyo ulimwambia ni polisi.

Kesho yake asubuhi alikata jani la isale mpakani mwa kihamba chake cha migomba, akalipiga fundo, akateremka mjini, akampa Harshil kwa mikono miwili. Kwa Wachaga jani hilo ni ombi la msamaha, na halikataliwi.

"Shikamoo, Mama Davis. Mbona isale? Nimezaliwa Moshi mimi, usinitishe."

Priska akampeleka mbele ya picha. Harshil akakaa chini sakafuni na suruali yake nzuri. Hakufoka, na hapo ndipo Priska alipoogopa zaidi.

"Nikate mshahara, baba. Na kile kipande changu, kihesabu ndicho hicho cha usoni."

"Hisa si nyama ya mbuzi, mama, kwamba huyu kidari, yule mguu. Kila mwenye hisa anayo mpaka kwenye huo uso." Akalishika lile jani muda mrefu. "Mimi nimepokea. Nani atakataa isale? Lakini ukitoa mimi na wewe, wamebaki mia mbili na kumi. Siwezi kuwapokelea."

"Na wakinipeleka polisi?"

"Sijui, mama."

Sultana alisema leo watakuja kama arobaini. Priska akaenda mtaa wa pili, kwa mama mmoja mwenye ua wa isale, akaomba majani arobaini.

"Kuna msiba?" mwenye ua akauliza.

"Bado," Priska akajibu.

Saa nane akasimama mlangoni na mzigo wake. Wa kwanza alikuwa mzee Eliudi, mkulima wa kahawa. Alipoona majani akavua kofia.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Umekosa nini, mama, mpaka mzigo mzima?"

Akamweleza. Mzee akaingia ndani, akakaa sana. Alipotoka macho yake yalikuwa mekundu.

"Zangu ni tatu," akasema, akichukua jani. "Hizo tatu nimezisamehe. Za wenzangu siziwezi."

Nyuma yake gari la vijana kutoka Dar lilikuwa limeshasimama. Mmoja, Rodney, akashuka na simu mkononi, akacheka.

"Aisee, mpaka maua ya kutupokea! Naomba langu, mama."

"Si maua, mwanangu," Priska akasema. "Kaa kwanza nikuambie."