Siku Niliyoita Watu Msibani Pearland

Jumatatu, Oktoba mosi 2018, manyunyu tangu alfajiri na joto palepale. Naandika huku nimefunika uso kwa mkono mmoja, maana leo nimeita akina mama kumi na mmoja kwenye msiba ambao haukuwepo, au tuseme ulikuwepo lakini si pale (shule yangu iliishia darasa la saba, mnivumilie nikikoroga maelezo).

Ninamhudumia Bibi Siran, mama wa Kiarmenia aliyezaliwa Ufaransa, ana miaka themanini na minne, anaishi huku ughaibuni, mji wa Pearland, na mwanawe daktari. Kwenye kabati la sebuleni kuna picha ya mzee mfupi mwenye nyusi nene, imetiwa saini pembeni, nami huifuta vumbi kila siku. Nyusi zile ni za Bibi kabisa. Nikajiambia, huyu ni kaka yake. Nisimsingizie Bibi: hakuwahi kusema hivyo, ni mimi niliyejijazia.

Basi leo nafika namkuta analia mbele ya runinga, ananyoosha kidole kwenye picha. "Amekufa, Mama Upendo. Amekufa."

Kwetu mfiwa haulizwi maswali. Unamkumbatia, unalia naye, habari za nani na lini zitakuja zenyewe. Nikalia, tena vizuri tu, runinga sikuitupia hata jicho. Lakini ikapita saa moja, zikapita mbili, hakuna jirani aliyegonga mlango, mwanawe yuko chumba cha upasuaji hapokei simu, na roho ikaniuma, mfiwa anakaaje peke yake hivi? Kampuni yetu ya wahudumu hairuhusu kuleta mtu nyumbani kwa mteja, ukileta unafukuzwa. Nalijua hilo, nilitia saini. Na bado nikatuma ujumbe mmoja wa sauti kwenye kundi la akina mama wa jumuiya: "Bibi yangu amefiwa na kaka yake, hana mtu."

Nilidhani watakuja wawili.

Kufika saa kumi alasiri magari yamejaa hadi kwa jirani. Wamekuja na mikeka, sufuria la wali, sufuria la maharage, Mama Joyce katoka kazini moja kwa moja, kajifunga kanga juu ya sare ya hospitali. Wakasukuma makochi ukutani, wakatandika.

"Zimeni runinga, msibani mnaangalia nini?" akasema Mama Joyce, na kwa kuwa rimoti haikuonekana akaifunika kwa kanga yake ya pili. Bibi tukamweka katikati, kashikwa mkono huku na huku, tukaanza pambio.

Ndipo mwanawe akafungua mlango. Kaona magari, kasikia kilio, funguo zikamdondoka. "Mama yangu!"

"Yupo, daktari, huyu hapa, mzima," nikamwambia. "Pole sana, ni mjomba wako."

"Mjomba gani? Mimi sina mjomba."

Nikaonyesha picha. Akaitazama, akanitazama mimi, akaenda akaivuta kanga iliyofunika runinga, na mle ndani marehemu wetu anaimba, ukumbi mzima umesimama unampigia makofi.

Pambio likakatikia hapohapo.

"Mama Upendo," Mama Joyce akaninong'oneza, "yaani umetutoa makazini kumlilia mwanamuziki?"

Daktari akatoa simu aipigie kampuni. Nami nasema alikuwa na haki, mtu kaingia kwake akidhani mama yake amekufa. Nikaanza kutafuta mkoba wangu.

"Weka simu chini," akasema Bibi Siran. "Baba yako alipokufa walikuja watu wanne, wakakaa nusu saa wanatazama saa zao. Leo mimi nimeliliwa."

Kisha akatusimulia, sote tumekaa mkekani, daktari naye. Kwamba wazazi wa yule mwimbaji walikimbia kwao wakaangukia Ufaransa, kama wazazi wake yeye. Kwamba watu walimwambia yule mwimbaji ni mfupi, sauti yake mbovu, aache. Hakuacha, akaimba kwa lugha nyingi, akaigiza sinema, na tetemeko lilipoipiga Armenia akawakusanya wenzake wakaimba ili wahanga wasaidiwe. Kavuka tisini bado yuko jukwaani.

"Basi ni kaka yako," akasema Mama Joyce. Bibi akacheka, machozi yakimtoka.

Daktari aliniambia mlangoni kwamba kesho niende ofisini nijiseme mwenyewe, naye atasema anataka nibaki. Nitakwenda. Wakinipa onyo nitalipokea, ni langu. Na ninaapa, siku nyingine nitakumbatia kwanza, lakini kabla ya kushika simu nitauliza marehemu ni nani. Namshukuru Mungu kwa wale kumi na mmoja, hakuna hata mmoja aliyeninunia.

Wali na maharage vyote tumewaachia akina Bibi, kwa hiyo jioni hii kwangu tumekula mkate na mayai ya kukaanga, na chai ya tangawizi.