Bati la Mama Yangu

Mama yangu aliishi misimu miwili ya mvua chini ya paa la udongo huku mabati yake yakiwa ndani ya nyumba hiyo hiyo, yameegemezwa ukutani na kufunikwa magunia. Aliyemwambia ayafunike ni mimi. Nalisema hili mapema ili msomaji asije akadhani nataka kumbebesha mtu mwingine mzigo wangu. Wengine wapo, na nitawafikia.

Nyumba yenyewe ilikuwa tembe. Kwa asiyeijua, ni nyumba ndefu ya chini, kuta zake za miti na udongo, na paa lake bapa. Juu ya nguzo hulazwa magogo, juu ya magogo fito, kisha majani, kisha udongo unaoshindiliwa mpaka unakuwa mgumu kama sakafu. Kiangazi tulianika karanga na mboga ya mlenda huko juu na kugombana na kuku. Mlangoni mtu mzima anainama. Sisi Wagogo tumekaa humo tangu enzi na enzi, na sina aibu nayo hata chembe, kwa sababu kwenye nchi ya jua kali na miti michache ilikuwa ni akili kubwa. Ila tembe inataka wanaume wa kupanda juu kila mwaka kabla ya mvua na kuongeza udongo. Mama ni mjane, na kaka zangu wawili wako Morogoro wanahangaika na maisha yao.

Kijijini kwetu, upande wa Gulwe, tembe zilikuwa zinaisha moja baada ya nyingine. Aliyepata alizeti nzuri alinunua bati, na jirani yake akamwonea wivu mpaka naye akanunua. Mama alinunua yake kidogo kidogo, mawili baada ya mavuno haya, matatu baada ya mavuno yale, kwa mfanyabiashara wa Kihindi mjini Mpwapwa ambaye alishamzoea kiasi cha kumuuliza nyumba imefika wapi. Alikuwa na sababu yake kubwa kuliko ufahari. Maji ya mvua yanayotoka kwenye tembe ni tope, lakini yanayotoka kwenye bati unakinga kwenye pipa ukayapikia. Mwenye bati hafukui mchanga wa korongo kwa saa nzima kutafuta ndoo moja ya maji.

Mimi nilisomea utalii. Nilipomaliza chuo nilikwenda kaskazini, nikafanya kazi ya mapokezi kwenye hoteli ya wageni wanaokwenda mbugani. Huko ndiko nilikojifunza kwamba nchi yetu, kwa mgeni, ni mlima mmoja, wanyama, na fukwe. Mgeni akiniuliza kwetu ni wapi nikamjibu Dodoma, alikuwa anaitazama ramani kwa adabu, kisha anauliza kama ndege inayokwenda Zanzibar hupita juu yake. Wenzangu nao hawakuniacha. Walinitania kwamba zao la utalii la Wagogo ni ombaomba, waweke kituo cha kuwatazama. Nilicheka nao kwa kuwa ni utani na mimi pia nilikuwa na ya kwao, lakini lile liliniuma na likakaa moyoni.

Serikali ilipohamia Dodoma na ofisi zikajaa, nilirudi nyumbani kwa furaha. Mji ulianza kupokea watu wa mikutano kutoka kila pembe ya dunia. Wanakaa ukumbini wiki nzima, halafu Jumamosi wanabaki hotelini hawana la kufanya. Nilijiunga na ofisi ndogo ya kutembeza wageni, nikamwambia bosi kwamba Jumamosi hizo nizichukue mimi. Nilitengeneza safari ya siku moja. Mgeni anafika kijijini kwetu, anaonyeshwa shamba, anapikiwa ugali wa uwele na mlenda, anawatazama kina mama wakipiga ngoma zao za muheme wamezibana mapajani, anaingia ndani ya tembe ya mama, anaona treni ikipita, anarudi mjini jioni. Nilitaka kumwonyesha kila aliyenitania kwamba kwetu kuna kitu.

Na kitu kilikuwepo, sibishi. Wapiga ngoma walipata chao. Muuza kuku alipata chake, na mwenye nyanya, na dereva. Mama mmoja alimsomesha bintiye kwenye sekondari ya Mvumi kwa ngoma na kwa vibuyu alivyochora. Anayesema utalii hauleti chochote hajawahi kuona kijiji chenye kiu ya shilingi kinavyochangamka gari la wageni linapokata kona. Mimi nililiona hilo kwa macho yangu na nilijivuna sana.

Ila wageni walipenda tembe kuliko vyote. Walipenda kuinama mlangoni. Walipenda giza la ndani, harufu ya moshi, mbuzi upande wa pili wa ukuta. Bosi wangu aliona picha zao, akaja kijijini mwenyewe na daftari. Hakuwa mtu mbaya, alimwamkia mama shikamoo vizuri na alikula mlenda akarudia. Lakini kabla hajaondoka alinipa orodha. Kiti cha plastiki kiondoke. Taa ya sola ishushwe siku ya wageni. Redio ifichwe. Mama asivae kandambili. Na yale mabati ukutani, alisema, yanaharibu kabisa.

"Hiyo nyumba ndiyo zao letu," aliniambia garini. "Ikiezekwa bati, tutauza nini?"

Nikarudi kwa mama nikamwambia asubiri. Msimu mmoja tu, mama, biashara ikae sawa. Alinitazama, akauliza kama ni lazima. Nikamwambia ni lazima. Akatafuta magunia akayafunika mabati yake, akakiondoa kiti, akaisukuma redio chini ya kitanda. Kuna siku aliisahau ikiwa imewashwa, na wageni walipokuwa wameinamia vyungu wakisikiliza maelezo yangu kuhusu mambo ya kale, kwaya ikaanza kuimba uvunguni. Mama alicheka mpaka akashika ukuta. Mimi sikucheka, na leo naona kwamba siku ile yeye ndiye aliyekuwa na akili.

Msimu mmoja ukawa miwili. Mwanzoni mwa mvua za mwaka wa pili niliitwa kwenye semina ya wadau mjini. Bwana mmoja mwenye tai alitoa mada kuhusu utalii na uchumi wa taifa. Alizungumzia fedha za kigeni, ajira, mnyororo mzima kutoka hotelini mpaka kwa mkulima wa mchicha, na mengi aliyosema yalikuwa ya kweli. Kisha akasema tuangalie mfano wa mwananchi wa kawaida anayenufaika, na ukutani ikatokea picha ya nyumba ya mama yangu. Mama alikuwa amesimama mlangoni peku, amevaa kaniki ambayo nilimwazimia kwa jirani. Ukumbi ulipiga makofi, na mimi nilipiga.

Wiki hiyo hiyo ikanyesha siku tatu mfululizo. Siku ya tatu, saa nne asubuhi, mama alinipigia simu.

"Mwanangu, paa limeingia ndani."

Nilisimama nikaangusha kiti. "Uko salama?"

"Mimi nilikuwa nje nakamua mbuzi. Limeua jogoo na chungu cha mtama. Kitanda kimefukiwa."

Niliondoka ofisini bila kuaga. Njiani bosi akapiga simu. Alinipa pole, akauliza hali ya mama, akamshukuru Mungu, na nadhani alimshukuru kwa moyo. Kisha akasema Jumamosi ya wiki inayofuata tuna kundi kubwa, kwa hiyo nitafute vijana warudishe magogo na udongo haraka, na gharama zote ofisi itabeba. Nikamuuliza, je, tukiezeka bati? Bati, akasema, ofisi haiwezi. Kulipia udongo wangeweza.

Nilimkuta mama amekaa uani juu ya mabati yake. Alikuwa ameyatoa mwenyewe kwenye matope, moja moja, na kuyapangusa. Kitanda alichonizalia kilionekana miguu miwili tu, kingine chote kilikuwa chini ya udongo na magogo. Nilimwamkia. Aliitikia, akaniuliza kama nimekula, kisha akauliza kwa sauti ya chini, "Wageni wako wanakuja lini?"

Sikuelewa kwanza. Nilidhani ana wasiwasi na mapishi. Halafu nikaona jinsi alivyoweka mkono juu ya bati, na nikaelewa kwamba anapima kama naweza kumkubalia. Mama yangu mzazi alikuwa ananiomba ruhusa ya kuezeka nyumba yake. Sijawahi kuona haya kama siku ile, na baada ya haya nilishikwa na hasira ambayo mpaka leo haijaniisha, kwanza dhidi yangu mwenyewe, kisha dhidi ya kila aliyepiga makofi.

"Mafundi wanakuja kesho," nilimwambia. Sikuwa nimemwita fundi hata mmoja.

Nilimpata mmoja Gulwe jioni ile. Alipandisha ukuta wa nyuma kwa matofali ya kuchoma, akasimamisha nguzo mpya, akapiga mbao, akaweka paa la mgongo mmoja. Mimi nilimpa misumari na mama alimpa maelekezo ambayo hakuyaomba. Bati la mwisho lilipogongwa, mama alizunguka nyumba mara mbili, akarudi ndani, akaleta kiti cha plastiki akakaa katikati ya uwanja kuliangalia. Liling'aa kiasi cha kuumiza macho. Siku mbili baadaye ikanyesha, na yeye mwenyewe akasogeza pipa, kisha ndoo, kisha kila sufuria aliyonayo, analowa huku anacheka.

Sikumwambia bosi. Jumamosi alikuja pamoja na kundi kwa kuwa lilikuwa kubwa, na gari lilipokata kona nikamwona anashika kichwa. Alishuka haraka akaanza kuwaomba wageni radhi. Aliwaambia kwa Kiingereza kwamba nyumba ya asili imepata ajali, kwamba hii siyo ile waliyoiona kwenye picha, kwamba anasikitika sana. Wageni walitikisa vichwa kwa huruma wakiliangalia bati la mama yangu kama maiti.

Mama alikuwa ameshatoka kuwapokea. "Mbukwenyi!" aliwaamkia, kisha akaniuliza huyo bwana anasema nini. Nikamwambia. Anaomba radhi kwa sababu ya paa lako.

Kiswahili cha mama hakina mapambo, amejifunza ukubwani, sokoni na kanisani. Alimgeukia bosi.

"Wewe kwako umeezeka nini?"

"Vigae, mama," bosi akajibu.

"Basi kaving'oe. Weka udongo, wageni waje kwako."

Dereva alilazimika kwenda nyuma ya gari kucheka. Bosi alitabasamu kwa shida, na wageni wakauliza nini kimesemwa. Niliwatafsiria lote, na vigae, na udongo. Mzee mmoja aliyekuwa na kamera akaishusha. Mwanamke mmoja akasema kwao bibi yake alikuwa na paa la nyasi, na siku alipolitoa hakuna aliyemwomba mtu radhi. Tulikula, ngoma zikapigwa, treni ikapita, na jioni wakarudi mjini. Maoni waliyoyaandika baadaye yalikuwa mchanganyiko. Mmoja aliandika kwamba kijiji kimepoteza uhalisia wake.

Jumatatu bosi aliniita mezani kwake. Alikuwa ametandaza ramani ya mkoa na ameshika penseli. Hakufoka. Alisema yaliyopita yamepita, mama apewe pole, lakini mimi ni Mgogo, nazijua njia za huko, hivyo nimwonyeshe tembe nyingine iliyo imara. Mvumi je? Au milimani kule Kibakwe? Tutaongea na mwenye nyumba, atapewa chochote, mradi tu asibadilishe.

Tembe tano nazijua. Mojawapo ni nzuri kuliko ya mama ilivyokuwa, na mwenye nayo ni bibi anayeishi na wajukuu. Nilimwambia bosi kwamba nazijua. Nikamwambia pia kwamba haitatoka hata moja kinywani mwangu. Alidhani nataka nyongeza, akaniuliza nataka nini. Nikamwambia, nataka bibi mmoja huko apate bati kabla wewe hujapata njia ya kufika kwake. Aliweka penseli chini, na kazi yangu pale ikawa imeishia hapo.

Sasa wageni nawapeleka mwenyewe. Kuna waliosema nimetukana mkate wangu, na kwamba siku moja nitarudi kupiga hodi ofisini kwa yule bwana. Labda. Wanaokuja kwangu ni wachache, na nawaambia kabla hawajapanda gari watakachokikuta: shamba, mlenda, ngoma, treni, nyumba ya bati yenye redio inayoimba. Wapo wanaoghairi. Wapo wanaofika, wakasimama uwanjani, wakatazama kulia na kushoto wakitafuta picha waliyokuja nayo kichwani, kisha wakaniuliza kwa upole Ugogo wenyewe hasa uko wapi. Nawaambia waingie ndani, mwenye nyumba amekaa anawasubiri.