Debe la Mama Amoit

Siku yangu ya kwanza kazini, miaka ya sabini, nilikabidhiwa baiskeli, buti za mpira na onyo. Mkubwa wangu, Bwana Samaki wa Wilaya, yaani afisa wa idara ya uvuvi pale Busia, aliniambia, "Kijana, mwizi wa samaki hana mikono. Ana mdomo mrefu." Alimaanisha korongo, ndege anayesimama majini kimya kama askari wa zamu, kisha anadonoa vifaranga, yaani samaki wachanga tunaopandikiza bwawani.

Nilipangiwa Moding. Huko nilimkuta Mama Amoit, mjane mcheshi, na bwawa lake dogo nyuma ya shamba la mihogo. Wanawe walilitegemea kwa kitoweo, na korongo walikuwa wakiwamaliza ngege, samaki aliowafuga humo. Mkubwa akaja na bunduki ya idara. Mama akasimama mbele ya mlango wa gari.

"Boss, hiyo kitu irudi Busia. Ndege ikifia kwa maji yangu, mimi nafukia hii shimo napanda mtama."

"Sasa utafukuza na nini, mama? Maombi?"

"Na kelele. Hiyo Mungu alinipa bure."

Mkubwa alicheka, lakini akatupa muda hadi mvua ziishe. Hali isipobadilika, angerudi na bunduki.

Tukapiga debe tupu la mama kando ya bwawa. Siku za kwanza korongo waliruka. Baadaye, ajabu: debe likilia, wanakuja mbio, utadhani wamealikwa harusi! Nilikasirika sana, mpaka jioni moja nilipomtazama mama akilisha samaki. Kabla ya kumwaga pumba, aligonga debe lilelile. Ndivyo idara yetu ilivyofundisha wakulima, ili samaki wazoee kupanda juu kwa pamoja. Korongo walikuwa wamelielewa somo.

"Mama," nikamwambia, "sisi tunawapigia kengele ya chakula!"

Alicheka hadi akaketi kwenye tope. "Na mimi nasema hii ndege ina madharau!"

Tangu hapo alilisha kimyakimya. Malaba mpakani, kwa wachuuzi wa kwenye foleni ya malori, nilinunua kengele ya ng'ombe. Tukaitundika juu ya maji, kamba yake ikafika jikoni. Korongo akitua tu, mama anavuta. Kila baada ya siku chache tuliihamisha, maana ndege huzoea.

Mvua zilipoisha, mkubwa alikuja na wavu. Ulijaa. Mama akachagua ngege mdogo, akamrushia korongo aliyesimama mbali nyasini.

"Mama, unaharibu kazi yangu!" mkubwa akalalamika, huku akitabasamu.

"Huyo pia ako na watoto, boss."

Baada ya Moding nilihamishwa vituo vingi, hadi Osieko ziwani, nikastaafu. Vijana huniuliza ni kazi gani ninayojivunia. Siwatajii samaki. Nawaambia kuna mjane aliyetakiwa achague kati ya kitoweo cha wanawe na uhai wa ndege, akakataa kuchagua. Nilimpenda kama mama yangu, na nashukuru kwamba nilikuwepo kumfungia kamba ya kengele.