Nilivyopotelea kwenye milango ya zamani mpaka binti yangu akaanza kufunga nguo zangu

Wakuu, wakubwa zangu shikamooni. Nyinyi wadogo, marahaba hata kabla hamjaniamkia.

Mimi ni nyanya wa Majengo. Shule niliishia darasa la tatu, kwa hivyo mkiona herufi imekaa vibaya, irukeni mwendelee. Naandika mwenyewe kwa kidole kimoja, na Rehema wa chumba cha pili ameketi hapa ananichungulia. Nikitia chumvi atasema.

Kwenye kikundi chetu cha wenye presha kuna Mama Anyango. Amelelewa Makongeni, nyumba za reli. Mumewe alipofariki moyo wake ulikataa kutulia, akajitungia njia yake, kisha akatufundisha na sisi. Vijana mnaita meditation. Yeye anaita kupita milango.

Unakaa, unafumba macho. Unaanza na mlango wa chumba ulichozaliwa. Kila aliyewahi kukaa pale unamtaja jina, pumzi moja jina moja. Unaenda mlango wa pili, wa tatu, nyumba hata nyumba, mpaka ufike hapo unapoishi leo.

Majina yakiisha, unafumbua macho.

Basi. Hakuna uganga. Hata ustadhi nilimuuliza, akasema kukumbuka watu si dhambi, ila nisiache swala.

Ajabu yake iko kwenye saa. Wenzangu wanasema wakifumbua macho wanajiona wamepumzika mchana kutwa, kumbe ni dakika kumi. Mimi ikaja kinyume. Najiona nimekaa muda wa kunywa kikombe cha chai. Nikifumbua, jua limeshahama ukuta.

Lakini presha ilishuka, sitawadanganya. Hata magoti yalinyamaza.

Kisha mambo yakaanza. Siku moja alasiri ilinipita. Mimi, ambaye hata na homa sijaacha swala. Siku nyingine binti yangu Saumu, anayekaa Komarock, alipiga simu mara kumi na moja. Simu ilikuwa mapajani mwangu.

Halafu ile Jumanne ya maharagwe.

Niliyainjika baada ya adhuhuri, nikakaa nipite milango kidogo. Niliporudi, Rehema amesimama chumbani na jagi la maji, moshi hadi kwenye dari, sufuria nyeusi kama viatu vya polisi, na adhana ya magharibi inaita.

Rehema akaniambia, "Nyanya, nimekuita hadi sauti imekauka. Ulikuwa unatabasamu."

Saumu alikuja kesho yake. Hakugombana, na hilo ndilo lililoniogopesha. Alileta begi kubwa, akaanza kukunja leso zangu.

"Mama, unahamia kwangu."

"Komarock nitamjua nani?"

"Utanijua mimi. Kabla hujanisahau."

Wakuu, hofu hiyo naijua. Mamangu, Bi Zaina, mwisho wake alikuwa ananiita kwa jina la shangazi. Nilimwosha, nikamlisha, akafa bila kujua mimi ni nani. Kila usiku tangu nizeeke namwomba Mungu anichukue miguu aniachie kichwa. Nikasema basi, zamu yangu imefika.

Begi lilikuwa limejaa nusu Mama Anyango alipobisha hodi. Alikuwa amesikia habari za moshi. Akavuta stuli.

"Mama Saumu, siku ile ya maharagwe ulikuwa umefika wapi?"

"Mlango wa saba. Kwa Mzee Feruzi, fundi viatu."

"Wa saba kati ya mingapi?"

"Nyumba ile ina vyumba kumi na viwili. Na hiyo ni nyumba ya kwanza."

Akanitazama. "Na wangapi hapo kwa Feruzi?"

Nikamwambia. Feruzi mwenyewe, mkewe Bi Tatu, watoto wao Kassim, Hadija na Idi tuliyemwita Kibonge. Kabla yao alikaa Mwinyi muuza kahawa na mamake kipofu, Bi Mtumwa. Baada yao Wambui na dada zake watatu, Nyokabi, Wanja na Muthoni aliyekuwa na kikohozi. Na kwangu jina haliji peke yake. Linakuja na kikohozi chake.

Mama Anyango alicheka mpaka akashika ubavu.

"Mimi majina yangu yote, Makongeni hadi Majengo, ni kumi na nane! Yakiisha narudi nyumbani. Saumu, mamako hasahau. Shida yake ni kwamba hamalizi."

Saumu alikuwa bado ameshika leso. Akauliza polepole, "Na mimi niko mlango gani, Mama?"

"Wewe uko nyumba ya tatu, mlango wa kwanza kulia. Sijawahi kukufikia, mwanangu. Kila siku naamshwa nikiwa bado njiani, nakuja kwako."

Akakaa juu ya begi. Alilia, nikamwacha alie. Kisha akazitoa leso moja moja, akanirudishia kwenye sanduku, na bado akazikunja vibaya.

Kliniki tulienda, maana Saumu ni Saumu. Daktari akaniuliza siku, mwezi, akanitajia vitu vitatu nivirudishe. Nikavirudisha, nikamwongezea majina ya wagonjwa wote wa benchi la nje. Akamwambia Saumu, "Huyu mama akuangalie wewe."

Tangu siku hiyo nalala kama mtoto aliyenyonya.

Sasa napita mlango mmoja kwa siku, jiko likiwa limezimwa, na Rehema anabisha mara tatu nikichelewa. Saumu huja Jumamosi. Yeye siku yake sifuati foleni, naanzia nyumba ya tatu.

Nilichojifunza: mzee akipotea kidogo, kabla hujafunga begi, muulize alikuwa wapi na alikuwa na nani.

Haya, wakuu. Nani hapa alikaa nyumba za vyumba vingi? Nitajie majirani wa mlango wako wa kwanza. Ukikwama, nitajie mtaa tu, huenda nawajua.