Mtani Wodini

Asubuhi ya raundi, katika wodi ya magonjwa ya akili pale Ifakara, nilioga mara mbili na kutandika kitanda kama mwali. Nilitaka ruhusa. Mpunga wetu wa Katindiuka ulikuwa umeiva, na mama alikuwa peke yake shambani, anawinga ndege kwa kugonga debe, na magoti yake mabovu. Sikulala vizuri kwa kumfikiria.

Daktari alikuwa mgeni, kijana mzaliwa wa Dar. Maswali yake yote niliyajibu kwa adabu, na habari ya mpunga nikamweleza, hadi nikajishangaa mwenyewe. Ndipo akaingia muuguzi mzee, Mngoni, mtani wangu tangu siku nilipopata fahamu, maana mimi ni Mpogoro.

“Huyu kichaa bado mnamlisha bure?” akauliza.

Ningenyamaza. Lakini kumnyamazia Mngoni siwezi.

“Mtumwa wangu, babu yako tulimfuga zizini, leo unavaa nyeupe mbele ya bwana wako?”

Kalamu ya daktari ikasimama. Akamtazama muuguzi, na yule mshenzi akatikisa kichwa kwa huzuni.

“Ndivyo anavyosema tangu alfajiri, daktari.”

“Basi tumwangalie wiki moja zaidi.”

Kicheko kikanikauka. Wiki moja ndege wangemaliza kila kitu, na niliogopa kweli. Muuguzi naye aliona amezidisha. Akaanza kueleza utani wa Wangoni na Wapogoro, jasho linamtoka, lakini daktari alijua utani wa timu za mpira tu.

“Kwani wewe ni kabila gani, daktari?” muuguzi akamuuliza.

“Mzaramo.”

Kwenye kitanda cha jirani alilala mfugaji wa Kisukuma ambaye tangu aletwe hakumsemesha mtu, hata mkewe. Akageuza kichwa.

“Mzaramo,” akasema, sauti inakwaruza, “umeacha ngoma huko, unakuja kunipima mimi akili?”

Daktari akamtazama, akamtazama tena.

“Afadhali ngoma, Msukuma. Wewe unaongea na ng’ombe tu.”

Msukuma akatabasamu. Daktari akavuta kiti, akaketi karibu naye, akanipa mgongo.

“Nenda kavune,” akaniambia.

Nikachukua mfuko wangu. Ruhusa niliyoililia nilikuwa nayo, na mama alikuwa ananingoja, lakini nilisimama mlangoni kama mmbea, nasubiri kusikia Msukuma atajibu nini.