Bilali Aikata Barabara

Kwa miaka kumi na tisa Bilali alikuwa kantonye, mtu wa kutunza barabara kwa jembe na koleo. Kipande chake kilikuwa kilomita tano karibu na Bengamisa, kwenye barabara ya taifa inayotoka Kisangani kwenda mpaka wa Centrafrique. Mpaka wenyewe hakuwahi kuuona. Madereva walimwambia uko mbali, naye aliwaamini, maana walirudi wamekonda.

Kisha mashine zikaja. Injinia kijana, Israël, aliinua barabara kwa udongo mwekundu na kufukia mfereji mmoja uliopita chini yake. Bilali alimweleza kwamba kila mwezi wa kumi kijito hupitia hapo. Israël alimjibu kwa adabu kwamba kwenye ramani hakuna kijito. Bilali akashukuru, akaenda nyumbani, akamwambia mkewe Aïcha ahamishe kuku.

Oktoba mvua ilinyesha siku mbili mfululizo. Asubuhi ya tatu maji yalikuwa yamezuiwa na barabara, yamejaa kama ziwa, yanaingia kwenye zahanati walimolala wanawake wawili waliojifungua. Bilali aliitazama barabara mpya ilivyonyooka. Alikuwa ameipenda. Moyo ulimuuma kidogo, kisha akachukua jembe akaikata.

Ilimchukua hadi adhuhuri. Maji yalipopata upenyo, yalimaliza kazi yenyewe. Malori kumi na moja yakakwama. Dereva mmoja, Gédéon, alimtukana kwa Kilingala, halafu kwa Kifaransa, mwishowe akachoka akaomba chakula. Aïcha akampa pondu, mboga ya majani ya muhogo.

Jioni Israël alifika kwa pikipiki, akasimama ukingoni mwa mkato.

"Papa Bilali, ni wewe ulikata barabara ya État?"

"Ni mie."

"Juu ya nini?"

"Maji ilikuwa inatafuta njia. Bon, nikaipatia."

Israël aliuliza kama kuna mtu amekufa. Akaambiwa hakuna. Akaketi juu ya udongo wake mwekundu, akavua viatu, akamwaga maji.

"Unionyeshe fasi ya kuweka mabomba," alisema.

Wiki iliyofuata mabomba mawili ya saruji yaliwekwa palepale. Bilali alitaka yashushwe kiganja kimoja, yakashushwa. Katika ripoti yake Israël aliandika kwamba barabara ilikatwa na mvua. Madereva hawakuisoma. Hadi leo hupunguza mwendo mbele ya nyumba yake, na kumwuliza kama siku hiyo ana mpango wowote na barabara.