Viungo Vitatu Nilivyoagizwa Niharibu

Kuchomelea vibaya mimi sikujua. Nilichomelea vibaya mara moja tu maishani, na niliagizwa.

Ilikuwa Athi River, kwenye karakana ya mabomba ya kulazwa chini ya bahari. Walikuwa wameleta mashine ya kupima viungo kwa mawimbi ya sauti, inazunguka bomba yenyewe na kuonyesha kasoro kwenye skrini. Lakini kabla ya kuiamini lazima ijaribiwe kwa viungo vibovu, na anayeiendesha asijue ubovu uko wapi. Sasa nani autengeneze huo ubovu? Mkuu wa karakana akanichagua mimi. Huyu ndiye aliyesimama nami kanisani siku ya harusi yangu. Tulicheka sana siku hiyo aliponiagiza.

Basi nikaharibu viungo vitatu. Kimoja nikaacha takataka ndani, kingine chuma hakikushikana, cha tatu kikajaa vishimo. Aki mkono ulikuwa unakataa! Karatasi ya kuonyesha kasoro ziko wapi akabaki nayo mkuu peke yake, kama inavyotakiwa. Kisha akasema, "Gonga namba yako, fundi, kama kawaida." Kila fundi alikuwa na namba yake, anaigonga kwa nyundo kando ya kazi yake. Nikagonga mara tatu, mjinga mimi.

Mashine ikaona kasoro zote. Ikakubaliwa, tukapiga makofi.

Wiki chache baadaye wakaja watu wa ofisi nyingine kuchagua mafundi wa kwenda kazini kwenye meli inayolaza hayo mabomba. Niliitaka hiyo safari kufa kupona. Mke wangu alikuwa ameshatangazia Mwala yote, kwetu nyumbani. Wakanisomea ripoti ya ile mashine: viungo vitatu, namba yangu, vyote vibovu. Nikacheka, nikamgeukia mkuu wa karakana, aliyekuwa ameketi nao.

"Waambie, bwana mkubwa. Si wewe uliniagiza? Toa ile karatasi."

Akaangalia meza. "Karatasi gani?"

Woi! Bila hiyo karatasi sikuwa na ushahidi, na namba ilikuwa yangu. Jina langu likafutwa. Nafasi akapewa shemeji yake mkuu.

Asubuhi iliyofuata mkuu akaniita, bila haya, akinitazama machoni. Aliniomba nimnoe huyo shemeji kabla hajasafiri. "Hapa hakuna mwenye mkono kama wako," akasema.

Nikamnoa. Nilikuwa na watoto watatu shuleni.